Wavuvi wako kundi gani?

Zilikuwa siku za mbalamwezi, dagaa hawavuliwi maana wanataka giza, mitumbwi imevutwa juu mwaloni Igombe, na mjomba wangu mvuvi alikuja kwangu Pasiansi, hapa hapa Mwanza, kupumzika kidogo. Mimi nilikuwa mezani na laptopu, naendesha Uingereza kwenye Democracy 4, gemu ya kompyuta ambayo wewe ndio serikali, unapanga sera na kutafuta kura, zimebaki robo mbili, yaani zamu mbili za miezi mitatu mitatu, uchaguzi ufike. Mjomba akavuta kiti akakaa nyuma yangu. Hakuongea kitu muda mrefu, anaangalia tu vile viduara vilivyojaa skrini nzima, na mistari ya kijani na nyekundu inayotoka kila ninapoweka mshale.

Baadae akauliza vile vya katikati ni nini. Nikamwambia mjomba haya ndio makundi ya wapiga kura, hawa wazazi, hawa wastaafu, hawa wenye magari, hawa washika dini, hawa wakulima, hawa wanamazingira. Akayapitia moja moja kwa kidole, bila kugusa skrini.

"Na wavuvi wako kundi gani?"

Nikamwambia hawapo.

"Hawapo? Sasa wanapiga kura wapi?"

Nikacheka kidogo, yeye hakucheka. Kesho yake akarudi Igombe, lakini lile swali limebaki kwangu wiki kadhaa sasa, na kila nikifungua gemu linaanza upya. Nimeandika haya kwa sababu lilinifanya niangalie tena jinsi ya kuishinda hii gemu kwa kura, kuanzia mwanzo kabisa, na nadhani nimepata jibu ambalo mchezaji yeyote anaweza kulitumia.

Mtu mmoja, makundi mengi

Ukweli ni kwamba mvuvi yupo. Hana kiduara chake, ila yupo.

Mfikirie mjomba mwenyewe. Kajiajiri. Ni mzazi wa watoto wanaosoma. Ni Msabato kindakindaki, Jumamosi haendi popote zaidi ya kanisani. Kipato chake kinapanda na kushuka lakini kwa hesabu ya mwaka ni cha chini. Na ni mzalendo, timu ya taifa ikicheza hawezi kukaa kimya. Kwahiyo kwenye gemu mtu mmoja kama huyu unamkuta kwenye waliojiajiri, wazazi, washika dini, maskini na wazalendo, halafu juu ya hapo kuna lile kundi linaloitwa kila mtu, ambalo humo hakuna anayekosa.

Gemu inahesabu kura hivyo hivyo. Haipigi kura kwa makundi, inapiga kwa mtu mmoja mmoja, na kila mtu anabeba makundi kadhaa kwa mpigo, mengine kwa nguvu sana mengine kidogo tu. Furaha yake ni jumla ya yote anayoyabeba. Hapa ndipo watu wengi wanapotea, wanacheza kama vile wazazi ni watu wengine na wenye magari ni watu wengine, wanawapa hawa kidogo na wale kidogo, mwisho wa siku wametumia hela nyingi na kila mtu karidhika nusu.

Unachotakiwa kutafuta ni watu ambao makundi yao yanapandana. Ukiweka ruzuku ya mabasi, yule mama wa kipato cha chini anayepanda basi kwenda kazini anaguswa kama maskini na anaguswa kama msafiri wa daladala zao, halafu kama anajali hewa safi anaguswa tena kama mwanamazingira. Sera moja, mtu yule yule, kaguswa sehemu tatu. Huyo kura yake umeshaipata na hautakiwi kumhonga tena na kitu kingine. Mimi siku hizi kabla sijagonga sera yoyote nachagua kichwani mtu mmoja, namtaja na makundi yake, najiuliza hii sera inamfikia kwa njia ngapi. Kama ni njia moja tu, nangoja.

Na kinyume chake kipo, tena ni kikali. Kodi ya mafuta inawaudhi wenye magari, lakini kwenye nchi tajiri watu wengi wana magari, kwahiyo mzazi ana gari, mstaafu ana gari, mkulima ana gari. Unadhani umegusa kundi moja kumbe umegusa nchi nzima kupitia mlango mmoja.

Mjomba nilipomweleza hiyo ya petroli akasema kwetu ni vivyo hivyo, petroli ikipanda injini ya mtumbwi inakunywa faida yote, halafu dagaa wanapanda bei Mwaloni kwenye soko la samaki, halafu wanapanda masoko ya mtaani, halafu mama ntilie anapunguza fungu kwenye sahani. Mnyororo unaanza kwa mvuvi asiye na kiduara, ila mpaka mwisho wote wamelipa.

Machungu yaende mwanzoni

Hili wazoefu wote wanalijua ila bado naona watu wanaliogopa.

Ukishinda uchaguzi unakuwa na miaka mbele yako na zamu moja ni miezi mitatu. Huo muda wa mwanzo ndio wa kupandisha kodi, ndio wa kufuta programu zinazokula hela bila faida. Umaarufu utaporomoka. Utaona namba mbaya kwenye kura za maoni na mkono utawasha kurudisha kila kitu ulichogusa. Acha. Kura ya maoni ya mwaka wa kwanza haikutoi ikulu.

Sababu kubwa ni kwamba kila mstari kwenye hii gemu, yaani kila athari ya kitu kimoja kwa kingine, una ucheleweshaji wake. Ukiongeza hela ya shule leo, elimu ya taifa haipandi leo, inapanda pole pole robo baada ya robo, na baada ya elimu ndio uzalishaji, na baada ya uzalishaji ndio pato la taifa, na baada ya pato la taifa ndio ajira. Ukiichelewesha hadi mwaka wa mwisho unamlipia mwenzako. Yeye ndio atavuna.

Kwahiyo utaratibu wangu ni huu, deni kwanza, shule na sayansi pili, zawadi mwisho kabisa. Deni kwanza kwa sababu nchi nyingi kwenye gemu unazikabidhiwa bajeti ikiwa hasi, na kila robo riba inakula. Ukilegea, zile ngazi za kukopesheka zinashuka, riba inapanda zaidi, na mwisho unaletewa mgogoro wa madeni ambao unatafuna kila kitu kingine ulichojenga. Halafu uchumi wa dunia una mawimbi yake ambayo wewe huna mamlaka nayo, kuna miaka ya neema na kuna mdororo, na mdororo ukikukuta na deni hauna pa kushika. Miaka ya neema ni ya kulipa, hata kama wapiga kura wanakulilia ugawe.

Kodi zenyewe mimi nazitawanya. Kodi moja nzito inaamsha jini lake, ukiwabana makampuni sana yanahama nchi, ukibana kipato sana watu wanakwepa kulipa. Nyingi nyepesi zinavumilika. Naanza na pombe na sigara maana huko unakusanya hela na afya inapata nafuu hapo hapo, ila kodi ya mauzo naiogopa sana kuiinua, inamkamata maskini kila anapoenda dukani.

Na wale wanaokaa miaka mitatu bila kufanya kitu halafu wanamwaga zawadi robo ya mwisho, gemu inaijua hiyo janja. Wapiga kura wanaanza kukosa imani, wanaona kabisa unawanunua.

Tatizo likishaingia halitoki kwa bei ile ile

Hiki ndio kitu ninachokipenda kuliko vyote kwenye hii gemu na ndio ninachotaka ukishike hata ukisahau mengine.

Vile viduara vyekundu, magenge ya mtaani, watu wasio na makazi, foleni za magari, vina namba mbili. Kuna kiwango cha kuanzia na kuna kiwango cha kuishia, na hivyo viwango havilingani. Tuseme magenge yanaanza umaskini na ukosefu wa ajira vikifika sehemu fulani. Ukivishusha virudi pale pale yalipoanzia, magenge hayaondoki. Lazima uvishushe chini zaidi, wakati mwingine chini sana. Na muda wote huo magenge yenyewe yanaongeza uhalifu, uhalifu unafukuza wawekezaji, wawekezaji wakiondoka ajira zinapungua, na ajira ndio ilikuwa chanzo.

Kwahiyo kuzuia ni rahisi mara nyingi kuliko kutibu, na mchezaji mzuri anatumia muda mwingi kuangalia vitu ambavyo bado havijawa vyekundu. Kila robo mimi napitia vile vya bluu, uhalifu, umaskini, matumizi ya magari, naangalia kipi kinapanda taratibu. Hiyo kazi haina sifa. Hakuna mpiga kura atakayekushukuru kwa genge ambalo halikuzaliwa.

Sisi wa Ziwa Victoria hatuhitaji gemu kutufundisha. Waliopandikiza sangara miaka ya 1950 na mwanzoni mwa 1960 walitaka samaki mkubwa wa biashara, wakampata kweli, na kufikia miaka ya 1990 viwanda vya minofu hapa Mwanza vilikuwa vinapeleka Ulaya. Lakini ile sera ilikaa kimya miaka mingi. Sangara aliongezeka kwa kishindo miaka ya 1980, na furu, wale samaki wadogo wa asili wa ziwa, wa kila aina ambao wazee wetu waliwala, wakapotea kwa wingi. Mjomba anawakumbuka, anasema mama yake alikuwa akiwapika wadogo wadogo na nyanya chungu. Halafu likaja gugumaji mwishoni mwa miaka hiyo hiyo, likafunga mialo, mitumbwi ikawa inasukumwa kwa miti, na kulipunguza ilibidi waletwe wadudu wa kulila majani na bado ilichukua miaka. Ukitaka furu warudi leo, kumtoa sangara hakuwezekani, na hata ungeweza, watu wangapi sasa wanakula kwa sangara? Kundi jipya la wapiga kura limeshazaliwa juu ya hilo tatizo.

Hapo ndio nilisimamisha gemu nikawaza sana. Maana ndani ya gemu pia ndio hivyo hivyo. Sera inazaa watu.

Dogo wa Malimbe

Kuna dogo anasoma chuo kule Malimbe, tunacheza wote, tunatumiana picha za matokeo. Anashinda kwa kura za kutisha, kitu ambacho mimi sijawahi kukikaribia. Nikamuuliza anafanyaje.

"Kaka, mimi siwafurahishi. Nawapunguza."

Akanieleza. Washika dini wanamsumbua kwenye sera zake, kwahiyo anafuta ruzuku ya shule za dini, na baada ya muda watu wanaojihesabu washika dini wanapungua wenyewe. Wenye magari wanamsumbua, anapandisha kodi ya mafuta na kujenga treni, magari yanapungua, wenye magari wanapungua, na waliobaki hata wakikasirika hawafiki popote kwenye hesabu. Awamu ya kwanza anashinda kwa shida. Awamu ya tatu anatawala nchi ya watu aliowatengeneza mwenyewe, wanaopenda anachokipenda.

Inafanya kazi. Nimeijaribu na inafanya kazi, sitaki kumdanganya mtu.

Ila ilinikaa vibaya na nilitaka kujua kwanini, maana kusema tu sio vizuri haitoshi, hizi ni namba kwenye kompyuta. Nikaanza kwa kujibishana na mimi mwenyewe. Kwanza, hakuna sera isiyobadilisha watu. Ukijenga barabara unazaa madereva. Ukijenga viwanda unazaa wanachama wa vyama vya wafanyakazi. Hata ukikaa bila kufanya kitu unawabadilisha. Pili, kundi la maskini mimi nalipunguza kila awamu, kwa makusudi, na ningelifuta kabisa kama ningeweza. Sasa nina haki gani ya kumnyooshea dogo kidole?

Nadhani tofauti nimeiona kwenye kuuliza mtu mwenyewe. Maskini ukimuuliza unataka kutoka kwenye hilo kundi atakwambia ndio, nitoe hata leo. Mjomba ukimuuliza unataka kutoka kwenye kundi la washika dini atakuangalia tu. Huyu wa pili unambadilisha kwa sababu anakusumbua wewe. Namba kwenye skrini inashuka vile vile, kwahiyo gemu haiwezi kukuonyesha, inabidi ulibebe mwenyewe hilo swali wakati unacheza.

Na hata kwa upande wa ushindi tu, njia ya dogo ina hatari ambazo zile picha zake hazionyeshi. Kundi linapungua taratibu, lakini hasira inapanda haraka. Katikati hapo una watu wachache waliokasirika kupita kiasi, na gemu hii inaweza kuisha kwa wewe kuuawa na hao hao wachache. Kila anayecheza hivyo inabidi amwage hela kwenye usalama na ujasusi, na hizo zinawaudhi waliberali, na mduara unaendelea. Halafu kuna mawaziri. Kila waziri ana makundi anayoyaonea huruma, ukiyaumiza uaminifu wake unashuka, akishuka sana anajiuzulu, na akiondoka mtaji wa kisiasa, zile pointi za kubadilishia sera, unaopata kila robo unapungua maana mtaji unatoka kwao. Waziri mpya anakuja hana uzoefu. Dogo hilo alilikubali, anasema anabadilisha mawaziri kila mara na inamgharimu.

Yule uliyemwinua

Kuna kitu kingine kwenye hili la maskini, na hiki kiliniumiza zaidi ya hila za dogo.

Ukifanikiwa kupunguza umaskini, na ukicheza vizuri utafanikiwa, wale watu wanahamia tabaka la kati. Unategemea watakuja kukupigia kura kwa wingi. Hawaji. Ameshanunua gari, sasa kodi ya mafuta inamhusu. Analipa kodi ya kipato inayoonekana, sasa ile programu iliyomwinua anaiona ni mzigo. Huduma uliyompa miaka minane iliyopita ameizoea, kwake ni kitu cha kawaida kama maji kutoka bombani. Sio kwamba hana shukrani. Ni mtu mwingine sasa, ana makundi mengine, na unatakiwa umsome upya.

Wachezaji wengi wanaanguka awamu ya pili au ya tatu kwa sababu hii hii na hawaelewi, uchumi uko juu, uhalifu uko chini, na kura zimepungua. Kumbe wanaongoza nchi ya leo kwa ramani ya siku walipoingia.

Cha kufanya ni kwamba kila baada ya uchaguzi ufungue makundi yote upya, uangalie lipi limekua na lipi limepungua tangu uingie. Zile ruzuku zilizowalenga watu ambao hawapo tena zipunguze mwanzoni mwa awamu, pole pole, hela yake ipeleke kwenye vitu vinavyomgusa huyu mtu mpya bila kumtupa aliyebaki chini. Na aliyebaki chini usimsahau kwa sababu tu kundi lake limekuwa dogo. Ukimsahau, anarudi kama kiduara chekundu.

Tulimwandikia mjomba sera

Mafaili ya hii gemu yako wazi. Cliff Harris, yule Mwingereza wa Positech Games anayeitengeneza tangu toleo la kwanza mwaka 2005, ameziacha sera na matatizo yote kwenye mafaili ya csv, unaweza kufungua kwa Excel na kuandika ya kwako. Toleo la Afrika, la ile Democracy 3 iliyotangulia, lilitoka 2016 na nchi 10, Kenya ipo, Tanzania hakuna. Basi mbalamwezi iliyofuata mjomba alipokuja, dogo naye akaja, tukakaa watatu.

Nikamuuliza mjomba angekuwa waziri angeanza na nini. Nilitegemea aseme petroli, au wizi wa injini ziwani ambao unawanyima usingizi. Akasema vichanja.

Dagaa ukimwanika chini anashika mchanga, na mvua ikimkuta anaoza au anaishia kuwa chakula cha kuku kwa bei ya kutupa. Ukimwanika kwenye kichanja anakauka haraka, anakuwa msafi, na mchuuzi anaongeza bei bila kubishana. Lakini mbao na nyavu za kichanja ni hela, na mwenye mtumbwi mmoja hana.

Kwahiyo tukaandika sera, ruzuku ya vichanja. Kwenye hayo mafaili kila athari ni mstari mfupi, unataja unachokigusa, kisha hesabu, kisha namba ya ucheleweshaji. Dogo akaandika waliojiajiri, 0+(0.08*x), 4. Ile x ni kiasi ulichoivuta sera, na ile 4 inamaanisha athari inasambaa kwenye zamu nne, mwaka mzima.

Nikamtafsiria mjomba. Akakataa.

"Mwaka wa nini? Kichanja kikisimama leo, dagaa wa kesho hana mchanga."

Dogo akabisha, akasema mjomba, serikali haiendi hivyo, mpaka hela itoke, mpaka igawanywe. Mjomba akasema hilo sawa, hela inachelewa, ila kichanja hakichelewi, msivichanganye.

Na yuko sahihi kabisa! Gemu yenyewe inavitenganisha, kuna muda wa sera kutekelezwa na kuna muda wa athari kuonekana, ni sehemu mbili tofauti kwenye faili, na sisi wawili tunaocheza kila siku tulikuwa tumevirundika pamoja. Tukaweka utekelezaji mrefu na athari fupi. Tukaongeza mstari wa kwenda kwenye umaskini, na mwingine wa kwenda kwenye pato la taifa, mdogo sana, mjomba akataka uongezwe, tukabishana hapo mpaka chai ikapoa.

Tangu siku hiyo nacheza tofauti. Kabla ya kugonga sera naangalia zote mbili, hii itachukua muda gani kusimama, na ikishasimama itachukua muda gani kufanya kazi. Kuna sera nyingi ambazo zinachelewa kusimama lakini zikisimama zinalipa papo hapo, hizo unaziagiza mapema ili zidondoke mwaka wa uchaguzi bila wewe kuonekana unahonga mtu. Na kuna zinazosimama haraka lakini matunda yake ni ya mbali, kama shule, hizo ni za siku ya kwanza ofisini. Ukiisoma orodha yote ya sera kwa macho hayo, ratiba ya awamu nzima inajipanga yenyewe.

Robo mbili za mwisho

Hapa sina mengi. Mtaji wa kisiasa uliobaki usiuchezee. Angalia mawaziri kama kuna anayetaka kuondoka, mbadilishe mapema, sio wiki ya uchaguzi. Angalia kama kuna kundi limefika kwenye hasira ya hatari, lipe kitu kidogo cha kweli. Mengine yaache yaende, kama ulipanda mwaka wa kwanza sasa hivi mistari ya kijani inafika yenyewe kwa wapiga kura na ukianza kugusa gusa unaiharibu.

Ile Uingereza niliyokuwa naendesha mjomba akiangalia niliishinda. Sasa hivi nimeanza Ujerumani, na huko nakutana na kitu ambacho bado kinanipa shida, serikali ya mseto. Machungu ya mwaka wa kwanza ni rahisi kuyasema ukiwa peke yako, ila ukiwa na mshirika ambaye watu wake ndio hao hao unaotaka kuwapandishia kodi, naona inabidi deni lisubiri na shule zitangulie, ingawa moyo haujakubali. Dogo anasema nianze na kodi zinazowagusa watu wangu mwenyewe, mshirika atulie kwanza. Kama umeshawahi kuumaliza mseto awamu nzima na bajeti ikawa chanya, niandikie hapo chini ulianza na kodi gani na mwaka wa ngapi.